Bwawa la Bwana, Pipa la Maskini

Mwaka 1275, chini ya Mfalme Edward wa Kwanza, Bunge la Uingereza lilipitisha sheria ndefu iliyogusa karibu kila jambo la nchi. Kifungu kimoja kiliwahusu watu wanaojipenyeza kwenye mbuga za wanyama za mabwana na kwenye mabwawa yao ya samaki. Adhabu ilikuwa miaka mitatu jela, na juu yake fidia na faini. Anayetaka kuelewa ufugaji wa samaki wa Ulaya ya zama za kati aanzie kwenye kifungu hicho. Asianzie kwenye zile picha za kupendeza za watawa wapole wakivua kando ya monasteri.

Nalisema hili kwa sababu kuna hoja inayopigiwa debe sana siku hizi, kwenye semina na kwenye maandiko ya miradi: kwamba samaki wa kufuga watawapumzisha samaki wa asili, na kwamba bwawa ndilo mkombozi wa mlo wa mnyonge. Wengine huipamba hoja hiyo kwa historia, wakisema hata Ulaya ya kale ilishafuga. Ni kweli ilifuga, tena kwa ustadi mkubwa. Ila bwawa lao halikuchimbwa kwa ajili ya mwenye njaa, na mito yao haikupata nafuu yoyote kwa sababu ya bwawa. Aliyempelekea mnyonge kitoweo alikuwa mvuvi wa baharini, akisaidiwa na chumvi na upepo.

Tuanze na dini, maana bila mfungo hakuna bwawa. Kanisa lilikataza nyama siku za Ijumaa, kwa sehemu kubwa Jumamosi pia, siku arobaini za Kwaresima, na mikesha ya sikukuu kadhaa. Ukijumlisha, karibu theluthi moja ya mwaka ilikuwa haina nyama, lakini samaki aliruhusiwa. Sasa jiulize katazo hilo lilimbana nani. Mkulima aliyekula uji wa shayiri, mkate mweusi na maharage hakuwa na nyama ya kunyimwa. Aliyebanwa ni mfalme, askofu, abati (mkuu wa monasteri) na kabaila, watu ambao meza zao bila mnofu zilionekana kama msiba. Hao ndio walihitaji samaki mbichi, mkubwa, wa heshima, hata kama jumba lao liko safari ya siku nyingi kutoka baharini.

Na walitafuta kila mwanya. Mwishoni mwa karne ya 12 Gerald wa Wales, kasisi na mwandishi, alilalamika kwamba maaskofu na makasisi wa Ireland walikula aina fulani ya bata bukini wakati wa mfungo, kwa madai kwamba ndege hao hawazaliwi kwa nyama bali huota kwenye magogo yanayoelea baharini. Kwingineko mkia wa biva, yule mnyama wa manyoya anayejenga mabwawa, ulihesabiwa kuwa samaki kwa kuwa una magamba na hukaa majini. Mwenye cheo hakosi wa kumtolea fatwa.

Bwawa lenyewe lilikuwa kazi ya uhandisi. Godfrey de Lucy, aliyekuwa askofu wa Winchester kuanzia 1189 hadi 1204, alijenga tuta kubwa huko Alresford, kusini mwa Uingereza, na mabaki ya ziwa lake yapo mpaka leo. Kanuni ilikuwa ile ile karibu kila mahali: unachagua bonde lenye kijito, unalikatiza kwa tuta la udongo ulioshindiliwa, unaweka lango la mbao la kufungulia maji. Bwawa kubwa lilikuwa la kukuzia. Karibu na jiko kulikuwa na vibwawa vidogo ambamo samaki waliokwisha kuvuliwa walingojea siku ya karamu, hai, kama kuku waliofungwa miguu chini ya meza ya mchinjaji. Kila baada ya miaka michache lango lilifunguliwa, maji yakatiririka yote, na watu wakaingia kwenye tope na nyavu na vikapu. Wakubwa walichaguliwa, wadogo wakarudishwa kwenye bwawa jingine. Sakafu iliachwa ikauke, ikalishiwa mifugo au kupandwa nafaka, kisha ikajazwa maji upya. Wale waliofanya kazi ya tope walikuwa vibarua na wakulima wa bwana. Samaki hawakuwa wao.

Waliofugwa Uingereza kabla ya karne ya 15 walikuwa hasa brimu, samaki bapa wa maji yaliyotulia, pamoja na mikunga na paiki. Huyu paiki ni mla wenzake, mwenye meno kama msumeno, na ndiye aliyekuwa na heshima kuliko wote. Mmoja mkubwa sokoni aliweza kumla fundi stadi ujira wa siku kadhaa. Lakini wengi wao hawakufika sokoni kabisa. Mfalme Henry wa Tatu, kwa mfano, alikuwa akitoa brimu wa mabwawa ya kifalme kama zawadi: wengine kwa ajili ya karamu, wengine wakiwa hai ili mpokeaji akaanzishe bwawa lake. Samaki hapa ni hati ya kibali. Ukimpata umejua kwamba bwana mkubwa anakutambua, na wageni wako wakimwona mezani nao wamejua.

Ukitazama kihasibu, mradi huu ulikuwa wa ovyo. Ardhi nzuri ya bonde inafunikwa maji, tuta linahitaji matengenezo kila mwaka, na mavuno ni machache. Hakuna aliyejali, kwa sababu hesabu haikuwa ya kilo. Tauni kubwa ya 1348 na 1349 ilipoua watu wengi na ujira ukapanda, ndipo mabwana wengi wa Uingereza walipoanza kuona uzito wa gharama na kukodisha mabwawa yao kwa watu wa kuyaendesha kibiashara.

Kuna swali ambalo watetezi wa bwawa hawaliulizi: mito ilikuwa imefanya nini? Ulaya ya magharibi ina mito mingi yenye maji mwaka mzima, na ilijaa samoni na stajoni, samaki wanaopanda kutoka baharini kwenda kuzaa juu. Kwa nini mtu achimbe bwawa?

Jibu mojawapo liko kwenye daftari la mali la mwaka 1086, liitwalo Domesday, ambalo William Mshindi aliagiza liandikwe baada ya kuiteka Uingereza. Ndani yake kuna vinu vya maji zaidi ya 5,000 vya kusagia nafaka. Vingi vilikuwa na bwawa la kuzuia maji, na kila zuio ni ukuta mbele ya samoni. Humo humo utakuta mikunga imeandikwa kama kodi: wapangaji wa kando ya mito na vinamasi walilipa mikunga kwa mamia na maelfu, ikihesabiwa kwa fimbo, fimbo moja mikunga 25. Kwa hiyo maji yalikuwa yameshagawanywa. Kila kipande cha mto kilikuwa na mwenyewe, na mwenyewe huyo alikuwa na kinu, au na uzio wa kunasia samaki, au vyote viwili. Ongeza misitu iliyofyekwa ili mashamba yapanuke, udongo ukashuka mtoni. Ongeza miji iliyokuwa ikikua na mafundi wa ngozi waliomwaga uchafu wao kwenye maji yale yale.

Watawala waliona. Sheria moja ya kale ya Uskoti, inayonasibishwa na Mfalme William wa Kwanza aliyefariki 1214, iliamuru katikati ya mto iachwe nafasi wazi ambayo nguruwe wa miaka mitatu, aliyelishwa akashiba, angeweza kugeuka bila pua wala mkia wake kugusa ukingo. Naipenda sheria hii. Haihitaji mtaalamu wa vipimo kutoka mji mkuu. Mwenye kinu hawezi kusema hakuelewa, kwa maana nguruwe anao zizini. Mwaka 1215 Magna Carta, hati ya haki ambayo makabaila walimlazimisha Mfalme John wa Uingereza kuikubali, iliagiza katika kifungu cha 33 nyuzio zote za samaki ziondolewe kwenye mito ya Thames na Medway na kote Uingereza isipokuwa pwani, ingawa hapo shida kubwa ilikuwa mashua kukosa njia kuliko samaki kukosa kizazi. Na mwaka 1289 Mfalme Philip wa Nne wa Ufaransa alitoa amri akilalamika kwamba mito ya ufalme wake, mikubwa kwa midogo, haitoi kitu kwa sababu ya uovu wa wavuvi na zana walizobuni, zinazowazuia samaki kukua. Amri hiyo ilipanga ukubwa wa matundu ya nyavu, na kipimo kilikuwa sarafu ya fedha.

Angalia lawama ilikoangukia: kwa mvuvi na wavu wake. Vinu, ambavyo vilimwingizia kabaila na monasteri mapato ya kila siku, amri iliviacha vikisaga. Mtindo huu bado tunao. Operesheni za kuchoma nyavu haramu ufukweni hupigwa picha na kutangazwa. Kiwanda kinachomwaga maji machafu juu ya mto huandikiwa barua.

Kwenye mito hiyo iliyochafuka na kupungua kasi akaingia karpu. Asili yake Ulaya ni mto Danube wa chini, upande wa mashariki. Mifupa na maandishi yanaonyesha akisogea magharibi na kaskazini tangu karne ya 11 hivi. Karne ya 13 yuko Ufaransa, na Uingereza hakufika mpaka karne ya 15. Ni samaki aliyeumbwa kwa ajili ya mfugaji. Anavumilia maji ya vuguvugu yenye hewa kidogo ambayo yangemuua samoni. Anakula vijidudu vya topeni, anazaa kwa wingi, anakua haraka. Ukimfunga kwenye majani mabichi yaliyoloa, husafirishwa safari ndefu na kufika hai. Aliyembeba kutoka bwawa hadi bwawa ni mwanadamu, na watawa walikuwa mstari wa mbele. Lakini matuta hubomoka na mafuriko huja, kwa hiyo akatoroka pia, akajaa mitoni.

Wakenya hawahitaji kuambiwa inavyokwenda. Mwishoni mwa miaka ya 1990, inaaminika ni mafuriko yaliyowatoa karpu kwenye mabwawa ya wafugaji upande wa mto Malewa na kuwaingiza Ziwa Naivasha. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 wavuvi wakaanza kuwanasa, na muongo mmoja baadaye karpu ndiye aliyekuwa sehemu kubwa kabisa ya samaki wanaovuliwa humo. Wapo wanaomshukuru, kwa kuwa ziwa lilikuwa limekauka mapato. Hata hivyo hakuna aliyeombwa ruhusa, wala bwawa halikubaki upande wake wa tuta. Mtu akikuambia ufugaji na uvuvi wa asili ni dunia mbili tofauti, mpeleke Naivasha.

Nisije nikaonekana nalipaka tope kila bwawa. Mahali ambapo bahari ilikuwa mbali kweli, karpu alizaa biashara ya haki. Bohemia, ambayo leo ni sehemu ya Ucheki, ni mfano mzuri. Mwaka 1366 Mfalme Karl wa Nne alianzisha bwawa kubwa huko Doksy, na baada yake makabaila wa kusini wakaendelea kwa karne mbili, mpaka likatokea bwawa la Rožmberk, lililojengwa kati ya 1584 na 1590, karibu hekta 500 za maji. Ufaransa kuna Dombes, kaskazini ya Lyon, ambako mabwawa yalijazwa miaka kadhaa kisha yakakaushwa na kulimwa shayiri. Samaki wa huko waliuzwa mijini kwa fedha taslimu. Lakini hata hapo mlaji ni mtu wa mjini mwenye uwezo, na mwenye bwawa ni yule yule mwenye ardhi. Waliobaki Dombes kijijini walipata malaria iliyotokana na yale maji yaliyotuama.

Tugeukie baharini, ambako ndiko kulikuwa na chakula. Wataalamu wa mifupa ya samaki waliochunguza maeneo mengi ya kale ya Uingereza waligundua kwamba karibu na mwaka 1000 mambo yalibadilika ghafla. Kabla ya hapo mifupa mingi ni ya samaki wa mtoni na wa mlangoni mwa mto. Baada ya hapo wanafurika heringi na chewa wa Atlantiki (si ndugu wa chewa wetu wa miambani). Miji ilikuwa inakua, mito haitoshi, na watu wakaiendea bahari. Tangu karne ya 13 London ilikuwa inakula chewa waliotoka mbali sana kaskazini.

Siri ni uhifadhi, na kila samaki ana wake. Chewa hana mafuta mwilini, kwa hiyo anakaushika. Visiwani Lofoten, Norway, aliningʼinizwa kwenye vichanja vya miti tangu majira ya baridi hadi karibu na kiangazi, bila punje ya chumvi, upepo mkavu wa baridi ukamgeuza kuwa mgumu kama ubao. Ngʼonda wa namna hiyo hukaa miaka. Alisafirishwa hadi Bergen, ambako wafanyabiashara wa Kijerumani wa muungano wa miji ulioitwa Hanse waliweka kituo chao karne ya 14, nao wakalipa kwa nafaka. Heringi ni kinyume chake: amejaa mafuta, na siku moja tu akiachwa anaoza. Huyo lazima atumbuliwe na kutiwa chumvi upesi, kisha apangwe ndani ya pipa tabaka kwa tabaka.

Kila mwaka kuanzia Agosti, heringi walikusanyika kwa makundi makubwa karibu na Skanör na Falsterbo, kwenye ncha ya ardhi ambayo leo ni ya Uswidi lakini wakati ule ilikuwa ya Denmark. Kwa wiki chache ufuko ule uligeuka mji. Wavuvi walikuja na mashua ndogo, wanawake wakakaa kwenye vibanda wakitumbua na kupanga samaki mapipani, na wafanyabiashara wakagawana viwanja, kila mji na bendera yake na sheria zake. Chumvi ilitoka mji wa Lüneburg, Ujerumani, ikapitia bandari ya Lübeck. Kuanzia 1398 ikawa inapita kwa mfereji wa Stecknitz, uliochimbwa kwa ajili hiyo. Mali ilikuwa kubwa kiasi cha kupiganiwa. Hanse walipomshinda Mfalme Valdemar wa Denmark, mkataba wa Stralsund wa 1370 uliwapa ngome za pwani ile kwa miaka 15 pamoja na theluthi mbili za mapato yake. Vita ilikuwa na sababu nyingine pia, lakini heringi alikaa katikati ya meza ya mazungumzo.

Pipa la heringi ndilo lililomfikia fundi, mpagazi, askari na mjane wa mjini. Hakupendwa. Kufika wiki ya tano ya Kwaresima watu walikuwa wamemchoka, harufu yake na chumvi yake. Lakini alikuwa wa bei ya kuwezekana, na alifika mpaka ndani kabisa ya bara. Nadhani historia imemdhulumu: mabwawa ya abati yamewekewa vibao vya watalii, na wanawake wa Falsterbo waliosimama na kisu tangu alfajiri majina yao hayajulikani.

Pwani yetu nayo haikulala. Mifupa iliyochimbuliwa Shanga kisiwani Pate na katika miji mingine ya Waswahili inaonyesha kwamba wakazi wa mwanzo walikula zaidi samaki wa karibu, wa miambani na mikokoni, na kadiri karne zilivyosonga wakaongezeka samaki wa maji ya mbali, papa wakiwemo. Nao hawakuongozwa na njaa peke yake. Mji uliokuwa unatajirika kwa biashara ulihitaji mashua nzuri, mabaharia na karamu.

Bahari nayo haikuwa bila wenye kulalamika. Mwaka 1376 wavuvi wa Uingereza walipeleka ombi bungeni dhidi ya zana mpya iliyobuniwa miaka saba hivi kabla, iitwayo wondyrchoum. Ilikuwa juya la kukokota: chuma kirefu kizito kinachoburutwa chini ya bahari, na nyuma yake wavu wenye matundu madogo kiasi kwamba samaki akishaingia, hata awe mdogo vipi, hatoki. Walieleza kwa makini kwamba chuma kile kinaharibu mimea ya chini ya maji na mazalia ya chaza na kome, ambavyo samaki wakubwa huvitegemea. Na kwamba wenye zana hiyo hupata samaki wadogo wengi mno hata hawajui wawafanye nini, wakawa wanawalisha nguruwe ili wanone. Waliomba ipigwe marufuku. Serikali ikajibu kwamba itaundwa tume ya watu wenye sifa ichunguze.

Jibu hilo la tume tunalifahamu vizuri. Lakini kinachonigusa ni nguruwe. Leo sehemu kubwa ya dagaa wa Ziwa Victoria, chakula cha bei nafuu kabisa chenye protini katika ukanda wetu, inasagwa kuwa chakula cha kuku na cha samaki wa kufuga. Yaani kitoweo cha mwenye shilingi elfu moja kinageuzwa kuwa kitoweo cha mwenye elfu kumi na tano, kisha tunaambiwa ufugaji umeongeza samaki. Wavuvi wa 1376 wangeielewa hesabu hiyo bila kufundishwa. Sipingi bwawa. Napinga kuhesabu kinachotoka bwawani bila kuhesabu kilichoingia, na bila kuuliza nani atakayekila.

Wakulima wa Ufaransa walifikia hatua ya kuuliza, ingawa walichelewa. Zama za kati zilikuwa zimekwisha zamani, lakini mabwawa yake yalikuwa bado yamefunika mabonde ya Dombes na kwingineko. Desemba 1793, mapinduzi yakiwa yamepamba moto na mkate ukiwa haba, Bunge la Mapinduzi liliamuru mabwawa yakaushwe ardhi ipandwe nafaka. Kwenye mjadala Danton, mmoja wa viongozi wa mapinduzi, alisema kwamba wote waliokuwamo humo ni washirika katika njama dhidi ya karpu. Walimwona samaki yule kama masalia ya ukabaila, sawa na kasri na kanisa.

Haikudumu. Kukausha bonde ni rahisi kuliko kulilima, tope la Dombes halikuwa shamba la ngano, na wenye mabwawa walikuwa na sauti. Mwaka 1795 amri ikafutwa, malango yakafungwa, maji yakarudi. Mpaka leo Dombes ina mabwawa zaidi ya elfu moja, na mengi ni mali ya watu binafsi.